Sera ya nje ya Kenya hupikwa nyumbani: maswali yanayoulizwa mara kwa mara Mombasa

Mombasa huhisi sera ya nje kabla ya Nairobi kuitangaza. Kontena hukwama Kilindini, chai hukosa mnunuzi mnadani, lori hurudishwa mpakani, ndipo watu wanapouliza kulikoni. Majibu haya ni kwa ajili ya mawakala wa forodha, madalali wa chai, wenye malori, wanafunzi, waandishi wa habari na yeyote anayetaka kujua kwa nini jambo lililoanzia kwenye kampeni au bajeti ya Kenya huishia kuwa ugomvi na jirani.

Ni nani hasa huamua sera ya nje?

Kwa sheria ni Rais, ila hayuko peke yake. Ibara ya 132 ya Katiba ya 2010 humpa uwezo wa kuteua mabalozi, lakini kila mteule hupigwa msasa na kuidhinishwa na Bunge la Taifa. Ibara ya 240 imeunda Baraza la Usalama wa Taifa, ambalo linahitaji idhini ya Bunge kabla ya kutuma wanajeshi nje kwa kazi ya kulinda amani, au kabla ya kuruhusu majeshi ya kigeni kuingia nchini. Wizara ya Mambo ya Nje huandika, hujadiliana na husafisha palipochafuka. Kisha kuna Hazina Kuu, ambayo wengi huisahau. Kwa maoni yetu, mwenye kutafuta sababu ya uamuzi wa nje aanze na deni linaloiva mwaka huo, hotuba zije baadaye.

Tazama kisa cha Sahara Magharibi. Tarehe 14 Septemba 2022, siku moja baada ya kuapishwa, Rais William Ruto alikutana na waziri wa mambo ya nje wa Morocco, na ujumbe ukawekwa Twitter kwamba Kenya imeacha kuitambua Jamhuri ya Sahrawi, inayodai uhuru wa Sahara Magharibi kutoka Morocco. Ujumbe ule ulifutwa. Siku chache baadaye barua ya wizara ikawaeleza mabalozi kuwa msimamo haujabadilika, na kwamba Kenya haiendeshi sera yake ya nje kwa Twitter. Ruto alikuwa ameingia madarakani akiwaahidi wakulima mbolea ya bei nafuu, na Morocco ndiyo yenye akiba kubwa kuliko zote duniani ya fosfeti, malighafi ya mbolea. Mei 2025 Kenya iliunga mkono hadharani mpango wa Morocco wa kuipa Sahara Magharibi utawala wa ndani. Kilichoshindikana kwa ujumbe mmoja kilitimia polepole.

Kwa nini Kenya huhesabiwa kuwa taifa lenye nguvu katika kanda?

Bandari ya Mombasa hulisha Uganda, Rwanda, Sudan Kusini na mashariki mwa Kongo. Nairobi ni makao makuu ya mashirika mawili ya Umoja wa Mataifa, la mazingira (UNEP) na la makazi (UN-Habitat). Mkataba wa amani wa Sudan wa Januari 2005 ulitiwa saini Nairobi. Jeshi la Kenya limekuwa Somalia tangu 2011. Ila ni nguvu yenye ukomo: Raila Odinga alishindwa Februari 2025 katika kinyang'anyiro cha uenyekiti wa Tume ya Umoja wa Afrika, japo serikali ilimfanyia kampeni bara zima.

Kampeni ile yenyewe ilikuwa ya nyumbani kwa kiasi kikubwa. Baada ya maandamano ya 2023, kumpigania mkuu wa upinzani apate kiti Addis Ababa kulifungua mlango wa maridhiano kati yake na Ikulu. Hesabu za kura za bara zilikuja nyuma ya hesabu hizo.

Kwa nini Kenya hushikilia sana mipaka ya kikoloni?

Kwa sababu Kenya yenyewe ilizaliwa mipaka yake ikivutwa pande mbili. Kaskazini Mashariki kulikuwa na vita vya Shifta kuanzia 1963 hadi 1967, wakazi wengi wakitaka kuungana na Somalia. Huku kwetu, ukanda wa Mwambao wa maili kumi ulikuwa chini ya Sultani wa Zanzibar, na uliingizwa Kenya kwa makubaliano ya Oktoba 1963. Februari 1976 Idi Amin naye akadai sehemu ya magharibi mwa Kenya. Serikali yoyote ya Nairobi, iwe ya chama gani, inajua kwamba ikikubali mpaka mmoja Afrika usogezwe, madai ya nyumbani yataamka. Balozi Martin Kimani aliposimama katika Baraza la Usalama la Umoja wa Mataifa Februari 2022 kuitetea mipaka ya Ukraine kwa kutumia historia ya Afrika, dunia ilishangilia. Kwa aliyekulia Lamu au Garissa, maneno yale yalikuwa ya zamani.

Amri ya kusafirisha mizigo yote kwa reli ya kisasa (SGR) ilikuwa siasa za nje au za ndani?

Zote mbili, na ndiyo mfano bora wa kuelewa jinsi zinavyofungamana.

Mwaka 2014 Kenya ilikopa kutoka Benki ya Exim ya China fedha za kujenga reli ya Mombasa hadi Nairobi, iliyozinduliwa 31 Mei 2017. Ili mkopo upatikane, Mamlaka ya Bandari iliahidi kwa mkataba kuipa reli kiwango fulani cha mizigo, na kiwango kisipofikiwa, bandari ilipie pengo. Ahadi hiyo kwa mkopeshaji wa nje ndiyo iliyozaa amri ya ndani: Agosti 2019 serikali iliagiza mizigo yote inayoingia iende bara kwa treni, ikatolewe forodhani Nairobi, na baadaye Naivasha.

Mombasa iliumia mara moja. Ukiondoa malori barabarani, huondoi dereva na taniboi peke yao. Vituo vya makontena vya Changamwe na Miritini vinabaki viwanja vitupu, gereji zinafunga, wauza chai na mahamri wa Mariakani wanakosa wateja, na nyumba za kulala wageni za Mtito Andei zinazimwa taa. Wakazi waliandamana kila Jumatatu. Kesi ikafika Mahakama Kuu Mombasa, nayo mwezi Novemba 2020 ikaamua kuwa amri ilikiuka Katiba kwa kutoshirikisha umma.

Hata hivyo, kilichoiondoa amri ile kabisa ni uchaguzi. Katika kampeni za 2022 suala la bandari lilikuwa karata kubwa ya kura za Pwani, na tarehe 13 Septemba 2022, siku ya kuapishwa kwake, Ruto alitangaza kuwa shughuli za kutoa mizigo zinarudi Mombasa. Deni la China lilibaki vilevile, na anayelilipa bado ni Mkenya.

Mikataba ya mkopo ilijulikanaje, ilhali serikali ilisema ni siri?

Kwa kuombwa, na kwa subira. Wanaharakati wa Okoa Mombasa waliomba nakala kwa kutumia Sheria ya Upatikanaji wa Habari ya 2016. Waliponyimwa walikwenda mahakamani, na Mei 2022 Mahakama Kuu Mombasa ikaamuru nyaraka zitolewe. Novemba mwaka huohuo, chini ya serikali mpya, waziri wa uchukuzi alichapisha sehemu ya mikataba. Wananchi wakaona kwa macho yao kifungu cha usiri, na kingine kinachopeleka migogoro kwa wasuluhishi wa Beijing. Zingatia wakati: aliyechapisha alikuwa akitimiza ahadi ya kampeni, na saini zilikuwa za serikali iliyotangulia. Serikali huwa nyepesi kufunua mikataba ya wengine.

Chai yetu ilihusikaje na vita vya Sudan?

Mnada wa chai wa Mombasa hufanyika kila wiki, bei kwa dola, na huuza chai ya Kenya na ya nchi kadhaa jirani. Pakistan ndiyo mnunuzi mkuu. Sudan ni miongoni mwa masoko ya miaka mingi.

Februari 2025 wanamgambo wa RSF, wanaopigana na jeshi la Sudan, na washirika wao walikutana Nairobi, wakatia saini hati ya kuunda serikali yao. Serikali ya kijeshi ya Sudan ikamwita balozi wake nyumbani, na Machi ikapiga marufuku bidhaa zote za Kenya, chai ikiwemo. Nairobi ilijitetea kwamba ilitoa ukumbi wa mazungumzo tu. Wachambuzi wengi walielekeza macho Falme za Kiarabu, ambazo hulaumiwa kwa kuisaidia RSF nazo hukanusha. Kenya ilikuwa imetoka kusaini nazo mkataba wa biashara Januari 2025, na ilikuwa ikitafuta kwao mkopo wa dola bilioni 1.5, baada ya Mswada wa Fedha wa 2024 kuangushwa na vijana na kuacha pengo kwenye bajeti. Hakuna hati ya wazi inayounganisha mambo hayo, kwa hiyo tahadhari na anayeyaeleza kama jambo lililothibitishwa. Lakini waliosema mkono mtupu haulambwi walijua ya dunia.

Kinachoharibika mnadani ni hivi. Mnunuzi mmoja akitoka, ushindani hupungua kwenye daraja la chai alilokuwa akilipenda, kwa kuwa kila soko lina ladha yake na Pakistan hainunui kila ilichokuwa ikinunua Sudan. Bei huteremka, au chai haiuzwi na kurudishwa mnadani wiki zinazofuata huku gharama ya ghala ikipanda. Shehena iliyokwisha kupakiwa ndiyo yenye hasara kubwa zaidi: haikubaliki inakokwenda, na kuigeuza njia kunahitaji mnunuzi mpya na nyaraka mpya. Miezi baadaye hasara hiyo humfikia mkulima wa Kericho, Kisii au Murang'a kwenye bonasi yake ya mwaka. Hapo ndipo suala la Khartoum hugeuka kuwa suala la mbunge wake.

Na miraa? Kwa nini hutajwa kila Kenya na Somalia zikikosana?

Kwa sababu ni zao la siku mbili tatu. Likichelewa linanyauka, kwa hiyo kulizuia ni silaha ya haraka kuliko zote. Somalia ilifunga anga Machi 2020 kwa sababu ya korona. Safari nyingine ziliporudi, miraa ilibaki nje hadi Julai 2022, baada ya Hassan Sheikh Mohamud kushika urais. Katikati ya muda huo Mogadishu ilivunja uhusiano wa kibalozi Desemba 2020, ikilalamika kwamba Kenya inaingilia siasa zake kupitia jimbo lake la Jubaland, halafu ukarudishwa Mei 2021. Wabunge wa Meru ndio waliokuwa wakiisukuma serikali wakati wote huo. Uingereza ilipopiga marufuku miraa Juni 2014, hawakuwa na mahali pa kusukuma.

Ugomvi wa mpaka wa baharini ulikuwa juu ya hayo yote. Somalia ilishtaki katika Mahakama ya Kimataifa ya Haki (ICJ) mwaka 2014. Kenya ilisusia vikao vya Machi 2021, na hukumu ya 12 Oktoba 2021 ikaipa Somalia sehemu kubwa ya eneo lililobishaniwa. Serikali ilisema haiitambui. Mwaka mmoja kabla ya uchaguzi, hakuna kiongozi wa Kenya ambaye angesimama kukubali kupoteza bahari, na mwenziwe wa Mogadishu naye asingeacha kulitumia.

Kesi za ICC zilibadilisha nini?

Zilibadilisha mwelekeo mzima wa wizara kwa takriban miaka mitatu. Uhuru Kenyatta na William Ruto walishinda uchaguzi wa Machi 2013 wakiwa washtakiwa wa Mahakama ya Kimataifa ya Jinai (ICC) kwa ghasia za baada ya uchaguzi wa 2007, na kampeni yao iliigeuza kesi kuwa suala la heshima ya nchi. Balozi zikapewa kazi moja. Oktoba 2013 Umoja wa Afrika uliitisha kikao maalumu juu yake. Novemba azimio la kuahirisha kesi likashindwa katika Baraza la Usalama kwa kupata kura 7 za ndiyo, mbili pungufu ya zinazohitajika, huku nchi 8 zikijizuia. Bunge la Taifa lilipitisha hoja ya kujitoa, lakini Kenya haikujitoa. Mashtaka ya Kenyatta yaliondolewa Desemba 2014, kesi ya Ruto ikafutwa Aprili 2016, na hamu ya kuipinga mahakama ile ikapoa.

Je, Pwani imewahi kuzuia jambo lililotakiwa na taifa kubwa?

Ndiyo. Baada ya shambulio la hoteli ya Kikambala Novemba 2002, Marekani ilitaka Kenya ipitishe haraka sheria kali dhidi ya ugaidi. Mswada wa 2003 ulipingwa vikali na viongozi wa Kiislamu, wa Pwani wakiwa mstari wa mbele, pamoja na mawakili na watetezi wa haki, kwa kuwa uliwapa polisi uwezo mpana wa kukamata na kushuku. Ukaanguka. Sheria ilipatikana 2012, ikiwa imefanyiwa mabadiliko. Miaka tisa ni muda mrefu kwa jambo lililokuwa likisukumwa kutoka Washington.

Mahakama inaweza kusimamisha uamuzi wa nje?

Inaweza, na kisa cha Haiti kinaonyesha pia ukomo wake. Julai 2023 Kenya ilijitolea kupeleka polisi 1,000. Baraza la Usalama la Umoja wa Mataifa likaidhinisha 2 Oktoba 2023. Januari 2024 Mahakama Kuu ilizuia. Sababu yake ni muhimu kuielewa barabara: Baraza la Usalama wa Taifa linaweza kutuma wanajeshi nje, si polisi. Polisi wanasimamiwa na sheria yao, inayotaka kwanza pawe na makubaliano ya kutendeana sawa na nchi wanakokwenda.

Serikali ilijaza pengo hilohilo. Machi 1, 2024 ilitia saini makubaliano na Haiti. Kundi la kwanza la polisi wapatao 200 liliwasili Port-au-Prince 25 Juni 2024, siku ileile vijana walipovunja uzio wa Bunge Nairobi na polisi wakaua waandamanaji. Wengi waliuliza swali la haki kabisa: polisi hawa wanakwenda kufundisha amani ya nani?

Mkataba wa kimataifa hupitia hatua zipi?

Chini ya Sheria ya Kufanya na Kuridhia Mikataba ya 2012:

1. Wizara husika huomba kibali cha Baraza la Mawaziri, kisha hujadiliana na kutia saini. Saini peke yake bado haiufanyi mkataba kuwa sheria.
2. Waziri huandaa waraka wa kuridhia: faida, gharama, sheria zitakazoguswa, athari kwa kaunti.
3. Baraza la Mawaziri likikubali, waraka huenda Bunge la Taifa. Kamati hukusanya maoni ya umma na kuandika ripoti.
4. Bunge hukubali, hukataa, au hukubali kwa masharti.
5. Waziri huwasilisha hati ya kuridhia. Kuanzia hapo, kwa ibara ya 2(6), mkataba ni sehemu ya sheria za Kenya.

Penye kuvuja ni pawili. Kwanza, sheria hii haigusi makubaliano ya nchi mbili yanayohusu shughuli za kawaida za serikali au mambo ya kiufundi na kiutawala, na mlango huo ni mpana mno. Pili, hatua ya tatu hufanywa mbio: tangazo la gazetini, siku chache, na mwenye biashara Mombasa anapopata habari muda umekwisha.

Nitajuaje kama uamuzi fulani umetokana na siasa za ndani?

Angalia mambo manne. Uko umbali gani kutoka uchaguzi? Nani nchini analipwa na nani anaumia, na eneo lake lina kura ngapi? Kuna deni au upungufu wa dola unaobana wakati huo? Na je, wizara na Ikulu zinasema neno moja?

Jaribu kwa mzozo wa mafuta na Uganda. Mapema 2023 Kenya iliishiwa dola, ikaingia mpango wa kununua mafuta kwa mkopo kutoka kampuni za Saudi Arabia na Falme za Kiarabu kupitia wauzaji wachache walioteuliwa. Uganda, inayopitisha mafuta yake Mombasa, ikalalamika kuwa madalali wanaipandishia bei, ikashtaki katika Mahakama ya Afrika Mashariki Desemba 2023. Mwaka 2024 ikaruhusiwa kuagiza yenyewe kupitia bandari yetu. Ukiulizia hasira ya Kampala hufiki mbali. Ulizia dola, utaelewa.

Mkazi wa Mombasa anaweza kufanya nini kivitendo?

Omba habari. Andika kwa Kiswahili au Kiingereza kwa afisa mkuu wa taasisi, utaje waraka unaoutaka kwa jina na mwaka. Ana siku 21 za kujibu, na anaweza kujiongezea hadi siku 14. Hulipii ombi, unalipia nakala tu. Wengi hukosea kwa kuomba "kila kitu kuhusu mkataba", wakajibiwa kuwa ni siri ya usalama. Omba bei, ratiba ya malipo, kifungu cha migogoro. Ukinyimwa, una siku 30 kupeleka malalamiko kwa Tume ya Utawala wa Haki.

Peleka maoni kwa kamati ya Bunge kwa maandishi, ukitaja kifungu na neno unalotaka libadilishwe. Malalamiko ya jumla hayaingii kwenye ripoti. Chama cha wafanyabiashara kikiandika pamoja, tia hesabu: makontena mangapi, ajira ngapi, shilingi ngapi kwa wiki.

Ukienda Mahakama ya Afrika Mashariki, kumbuka una miezi miwili tu tangu uamuzi kutolewa au tangu ulipoujua. Kesi nyingi nzuri hufia hapo. Mahakama Kuu Mombasa haina kikomo kikali hivyo kwa kesi za Katiba, ila ukikawia jaji atauliza ulikuwa wapi.

Tutazame nini kuelekea uchaguzi wa 10 Agosti 2027?

Ahadi za bandari, kwanza kabisa. Kisha mikopo mipya itakayosainiwa kabla ya kampeni kuanza rasmi, makubaliano ya ajira za Ghuba, ambako vijana wengi wa Pwani huenda, na mkataba wowote na Somalia juu ya bahari au mpaka. Mgombea akija Mombasa akazungumzia bandari, muulize ni kifungu kipi cha mkataba wa reli anachokusudia kukibadilisha, na atakayekubali mabadiliko hayo upande wa Beijing ni nani.